Futa Kioo Kwanza

Mjukuu wangu, mama yako alinipigia simu jana jioni akaniambia umekasirika. Umechaguliwa kuigiza katika filamu fupi ya vijana wa chuo, hadithi ya Mbeere ya miaka mingi ijayo ambapo mabwawa yote ya Mto Tana yamekauka, ila nafasi uliyoitaka, ya yule mwanasayansi wa kike, imeenda kwa mwingine. Wewe umepewa fundi wa pampu. Sentensi tatu, kisha anakufa kabla hadithi haijafika katikati. Umesema ni afadhali uache. Nakuomba usiache. Nimefundisha fasihi na kulea vikundi vya drama katika shule za Embu na Meru kwa sehemu kubwa ya umri wangu, na katika yote niliyoyaona jukwaani na kwenye skrini, hakuna nafasi ninayoiheshimu kama hiyo uliyopewa.

Filamu za sayansi ya kubuni, hizo mnazoziita sai-fai, zinamtaka mtazamaji aamini dunia ambayo haipo. Mwenye pesa atajenga mji mzima kwa kompyuta, na mtazamaji ataamini kwa sababu ameona. Vijana wako hawana pesa. Wana kamera ya kuazima, taa mbili, mabati, mabomba ya plastiki na mawe ya Mbeere. Steringi hawezi kuwasaidia sana hapo, maana kazi yake ni kushangaa: anaingia mahali pageni, anatazama huku na huku, anauliza maswali kwa niaba yetu. Asiyeshangaa ni wewe. Fundi wa pampu ameishi na pampu ile tangu utotoni; anajua inavyogoma asubuhi na mahali inapovuja. Steringi ni mgeni, wewe ni mwenyeji wa dunia ile. Ukiigiza vizuri, tutaamini kwamba mahali pale palikuwapo jana na juzi, kabla kamera haijawashwa.

Tafuta filamu ya Marekani ya mwaka 1984, The Terminator, iliyotengenezwa kwa takriban dola milioni 6.4, pesa kidogo kwa watu wa Hollywood. Mashine yenye umbo la mtu inaingia katika duka la bunduki. Muuzaji ni mzee mmoja mfupi, Dick Miller. Anaweka bidhaa mezani moja baada ya nyingine, anamsifu mteja kwa kujua anachotaka, anamweleza ipi anaweza kuondoka nayo leo na ipi lazima aisubiri siku kadhaa kwa mujibu wa sheria. Muda mfupi baadaye ameuawa. Ukiitazama tena, mwangalie muuzaji badala ya ile mashine, yaani Schwarzenegger. Hafanyi lolote la kutisha wala la kuchekesha kwa nguvu. Anauza tu, kama alivyouza juzi, na kama angeuza kesho. Kwa kuwa dukani kuna mtu wa kweli anayetaka kufunga biashara, ile mashine inatisha. Angetetemeka tangu mlangoni, tungemwona mwigizaji anayemwogopa mwigizaji mwenzake.

Hapa kwetu mfano mkubwa ni Pumzi, filamu fupi ya Mkenya Wanuri Kahiu ya mwaka 2009, ambayo mwaka uliofuata ilionyeshwa katika tamasha la Sundance. Haifiki nusu saa. Inasimulia wakati wa baada ya vita vya maji: watu wamejifungia ndani ya jengo, juu ya ardhi hakuna mti, jasho na mkojo vinasafishwa ili vinywewe tena. Asha, aliyeigizwa na Kudzani Moswela, anafanya kazi katika jumba la makumbusho, na siku moja analetewa udongo unaoweza kuotesha mbegu. Watu wote humkumbuka Asha, na ni haki yake. Lakini yupo pia mwanamke anayefanya usafi msalani. Asha anamgawia maji yake, na baadaye mwanamke yule ndiye anayemsaidia kutoroka. Katika filamu hiyo mazungumzo mengi hupitia kwenye mashine, kwa hiyo mwigizaji huyo hana maneno ya kujitetea nayo. Ana macho na mikono tu. Na kwa namna anavyoyapokea yale maji tunajua bei ya maji katika nchi ile, bila mtu yeyote kututajia bei. Hebu ondoa tukio hilo uone kama kiu ya Asha itakuuma.

Niliwahi kuona jambo hili kwa macho yangu, vijana wakipiga picha upande wa Mlima Kiang'ombe. Walikuwa na kifaa cha kupimia hewa, kasha la redio kuukuu walilolipaka rangi ya fedha na kulibandika kipande cha kioo. Kijana wa kwanza alikishika kwa mikono miwili, mbali na mwili, akakikodolea macho. Likabaki kasha la redio. Kisha akaja msichana aliyekuwa na nafasi ndogo ya mlinzi wa lango. Alikitoa mfukoni bila kukitazama, akafuta kioo kwa upindo wa mkono wa sweta yake kwa sababu kilikuwa na vumbi, akakigonga kidogo ubavuni, akasoma, akanuna. Wote tuliokuwa tumesimama nyuma ya kamera tuliinamisha vichwa kutaka kuona kilichoandikwa kwenye kioo ambacho hakikuwa na kitu. Hakuna aliyemwambia afute. Alikuwa amekaa na kile kifaa tangu asubuhi, akakizoea.

Basi kabla ya Jumamosi, siku ya kupiga picha, mwombe mwongozaji akupe hiyo pampu yenu ulale nayo chumbani. Jua inafunguliwa wapi. Nenda kwa mafundi wa pampu za maji pale Siakago au Kiritiri, ukae nao kimya siku nzima. Angalia wanavyochuchumaa, wanavyosikiliza injini kwa kuinamisha sikio upande mmoja, wanavyojipangusa grisi kwenye suruali ilhali kitambaa kipo. Chukua mambo mawili tu kati ya hayo, mengine waachie. Ukiyabeba yote utakuwa unaiga fundi. Na zile sentensi tatu ziseme kwa lafudhi ya nyumbani. Nawasikia vijana wetu, wakiambiwa hadithi ni ya mwaka 2090, wanaanza kuongea kupitia puani kama Wamarekani. Kwani mwaka 2090 Mbeere itakuwa imehamia wapi?

Sauti yenyewe nayo ishushe. Wewe umelelewa na mashindano ya drama. Aprili 2024 tamasha la kitaifa la drama na filamu lilipofanyika hapa Embu nilikuona ukikimbia kutoka ukumbi mmoja hadi mwingine usipitwe na kitu. Jukwaani tunawafundisha mrushe neno limfikie aliyekaa mstari wa nyuma, na mkono uinuke uonekane. Kamera imekaa hapa, karibu na pua yako. Inayasikia mawazo. Na mahali ambapo mnatakiwa kutazama kitu kisichokuwapo, kwa mfano chombo cha angani kitakachochorwa baadaye kwa kompyuta, kubalianeni mahali pa kutazama: mtu ashike mti mrefu wenye kitambaa chekundu, wote mwelekeze macho pale pale. Filamu nyingi za bei ya chini huvunjika kwa jambo dogo hilo, watu watano wakitazama mbingu tano tofauti.

Unasema nafasi ndogo ni dharau. Nikupe historia kidogo. Simba Elsa ni wa kwetu; kaburi lake liko ndani ya Hifadhi ya Taifa ya Meru, na wageni hulitembelea hadi leo. Filamu ya maisha yake, Born Free, ilipigwa picha Naro Moru, upande wa pili wa Mlima Kenya, ikatoka mwaka 1966. Waigizaji wakuu walikuwa Waingereza, Virginia McKenna na Bill Travers. Peter Lukoye aliigiza Nuru, Omar Chambati akaigiza Makkede. Nafasi zao zilikuwa za watumishi na wasaidizi wa wazungu porini, na kwa miaka mingi hivyo ndivyo sinema ilivyotuona katika nchi yetu wenyewe: wa kubeba mizigo, wa kuleta chai, wa kuonyesha njia. Mimi nawaheshimu Lukoye na Chambati. Walisimama katika nafasi nyembamba wakaijaza. Lakini waliandikiwa nafasi hizo na watu waliotuona kutoka mbali. Fundi wako wa pampu ameandikwa na kijana wa hapa, na katika hadithi hiyo uhai wa watu wote umo mikononi mwake. Filamu hizi zisizo na pesa zimetufungulia mlango ambao filamu kubwa ziliuchelewesha. Pumzi ilimweka mwanamke Mwafrika kuwa mwanasayansi. Neptune Frost ya Saul Williams na Anisia Uzeyman, iliyopigwa picha Rwanda na kuonyeshwa Cannes mwaka 2021, iliwavika wasanii wa Rwanda na Burundi nyaya na vipande vya kompyuta, ikawafanya wachimba madini na wadukuzi wanaobishana na dunia nzima, na Kiswahili kimo miongoni mwa lugha zake.

Sasa nikueleze namna maisha ya kazi hii yanavyokwenda, maana najua ndilo linalomnyima mama yako usingizi. Turudi kwa Dick Miller. Alizaliwa New York mwaka 1928. Miaka ya 1950 alikwenda California akitaka kuwa mwandishi. Akakutana na Roger Corman, bingwa wa filamu za haraka na za bei ndogo, ambaye alimwambia waandishi anao, anachohitaji ni waigizaji. Miller akasema basi yeye ni mwigizaji. Katika filamu yake ya kwanza, Apache Woman ya mwaka 1955, alipewa nafasi ya Mhindi Mwekundu. Kisha kwa kuwa watu walikuwa wachache akavishwa pia nguo za mzungu wa mjini, naye alipenda kusimulia kwamba nusura ajipige risasi mwenyewe kwa kuwa alikuwa pande zote mbili. Sputnik iliporushwa Oktoba 1957, Corman alitengeneza War of the Satellites mbio mbio, nayo ikawa kwenye sinema mwaka uliofuata, Miller akiwa ndiye mhusika mkuu. Baadaye nafasi zake nyingi zilikuwa za dakika moja au mbili: dereva, polisi, mwenye duka. Aliigiza kwa zaidi ya miaka 60, mpaka alipofariki mwaka 2019.

Alidumuje? Angalia waliompa kazi. Joe Dante alianza kwa Corman akikata vipande vya matangazo ya filamu. Alipokuwa mwongozaji mkubwa alimweka Miller karibu katika kila filamu yake, Gremlins ikiwemo. James Cameron, aliyeongoza The Terminator, naye alitokea kwenye karakana ya Corman, alikokuwa akijenga vyombo vya angani vya mfano. Hawa walikuwa vijana wadogo wa mikono michafu wakati Miller tayari ni mwigizaji. Walimwona anafika kwa wakati, anajua maneno yake, haleti maringo. Kwa hiyo yule mtoto anayeshika taa Jumamosi, anayeburuta nyaya na kuitwa hovyo hovyo, msalimie kwa jina. Mwachie chakula. Sikuambii umfanyie hila. Nakuambia huo ndio ukoo wako katika kazi hii, na ukoo hutunzwa.

Jifunze pia kazi ya pili ndani ya kazi hii. Kule Wakaliga, mtaa wa mabanda wa Kampala, Nabwana I.G.G. alitengeneza Who Killed Captain Alex mwaka 2010 kwa pesa zisizotosha kununua hata simu nzuri. Si sai-fai, ni filamu ya mapigano, lakini uchumi wake ni huu huu wenu. Dauda Bisaso huigiza, na yeye huyo huyo huunda bunduki na mashine za filamu kwa vyuma chakavu. Waigizaji wenyewe walizunguka nyumba kwa nyumba wakiuza DVD. Ukijua kushona mavazi, kupaka vipodozi vya majeraha, kurekodi sauti au kutunza kumbukumbu ya mwendelezo, yaani kikombe kilikuwa mkono gani na kifungo kipi kilikuwa wazi, utaitwa kwenye kazi ambazo sura yako pekee isingekuitia.

Kuhusu sura, nisikufiche. Joseph Olita wa Siaya alifanana na Idi Amin kiasi kwamba mwaka 1981 aliigiza nafasi hiyo katika filamu ya Sharad Patel iliyopigwa picha Kenya, na mwaka 1991 akamwigiza tena Amin katika Mississippi Masala. Alikuwa hodari, na sura ile ile iliyomfungulia mlango ndiyo dunia ilimkumbuka nayo hadi alipofariki mwaka 2014. Wakikuita mara ya pili uwe fundi, nenda. Mara ya tatu mwombe mwongozaji akujaribu katika kitu kingine, hata kama ni kidogo zaidi. Na mlango mmoja ukifungwa mapema, vumilia: Edi Gathegi, aliyezaliwa Nairobi, aliuawa mapema sana katika X-Men: First Class ya mwaka 2011, na watazamaji wengi walilalamika, lakini mwaka 2025 alikuwa Mister Terrific katika Superman.

Pesa. Filamu ya Jumamosi haitakulipa, au itakulipa nauli na chakula, na kwa mara hii kubali. Lakini hata kwa nauli, andikeni. Karatasi moja inatosha: siku ngapi za kazi, nani analeta chakula na usafiri, jina lako litaandikwaje mwishoni, filamu ikiuzwa nawe utapata nini. Sheria ya Hakimiliki ya Kenya ya mwaka 2001 inamtambua mwigizaji kuwa na haki juu ya uigizaji wake, kwa hiyo usione haya kutaja jambo hilo; anayekasirika kwa kuulizwa amekusaidia kumjua. Ongeza mstari mmoja ambao sisi hatukuuhitaji: kwamba uso wako na sauti yako havitaingizwa katika kompyuta ili kutengeneza uigizaji ambao hukuufanya. Mwaka 2023 waigizaji wa Marekani waligoma siku 118, na mojawapo ya hoja zao ilikuwa hiyo hiyo, hofu kwamba mtu wa nafasi ndogo atapigwa picha ya mwili mzima kwa malipo ya siku moja, kisha atumiwe miaka na mikaka. Wenye majina wana mawakili. Wa sentensi tatu ndiye wa kuliwa kwanza.

Usiache chuo, wala usimshawishi mama yako auze ng'ombe ili uhamie Nairobi kujitafutia umaarufu. Tumewaona watu waliopendwa na nchi nzima kwenye runinga wakisimama mbele ya kamera kuomba kodi ya nyumba, na inaniuma kila mara. Kiembu chako na Kimeru ulichookota kwa shangazi yako wa Nkubu vina soko: Wimwaro FM na Muuga FM hutangaza kwa lugha hizo, na tangazo la mbegu au la dawa ya mifugo linahitaji sauti inayoaminika. Shamba nalo lipo. Mwigizaji aliyeshiba anaweza kukataa kazi ya kumdhalilisha. Mwenye njaa hawezi.

Jambo la mwisho ni usalama, na hapa nasema kama babu. Mama yako anasema tukio la kifo chako mtalipiga ukingoni mwa bwawa la Kamburu. Mle mna mamba na viboko. Usiingie majini, hata kufikia magoti, kwa ajili ya picha ya mtu yeyote. Wasichome matairi kutengeneza moshi mkiwa karibu. Wale wa Wakaliga walitumia damu ya ng'ombe kama damu ya filamu mpaka mwenzao mmoja akaugua, ndipo wakahamia rangi ya chakula; nanyi tumieni rangi ya chakula. Fundi wa pampu anaweza kufa vizuri kabisa juu ya ardhi kavu, na hadithi yenu, nikiielewa sawasawa, inahusu ukame.

Ikikamilika, msiiweke kwenye simu tu. Ukumbi wa kanisa hapa Runyenjes una ukuta mweupe, na projekta nitaiomba kwa mwalimu mkuu. Mwambie mwongozaji wako nitawaita wazee waliokuwa vijana wakati mabwawa yale yanajengwa, na akina mama wanaoteka maji Mbeere hadi leo, wakae mstari wa mbele. Wajiandae kwa maswali, hasa kuhusu hiyo pampu.